Ofisa akistaafu, kesi yake ya nidhamu inakwenda wapi?

DAWA ya deni ni kulipa, wanasema wakubwa. Lakini ukidhulumiwa na ofisa wa serikali, ukachelewa kulalamika, na siku unapofika ofisini ukaambiwa mhusika amestaafu na amerudi kijijini kwao, utamdai nani? Na wewe uliyetumikia serikali miaka 30, ukastaafu huku barua ya tuhuma dhidi yako ikiwa bado ndani ya faili, pensheni yako iko salama kiasi gani?

Maswali haya yanaonekana kuwa ya watu wa pande mbili zinazopingana. La kwanza ni la mfanyabiashara wa mpakani. La pili ni la mstaafu. Nimeyasikia yote mawili katika safari zangu za kikazi Sirari na Isebania, miji miwili iliyoshikana ambayo mpaka wa Tanzania na Kenya unapita katikati yake. Baada ya kusoma sheria za majirani zetu na kuzungumza na watu yaliyowakuta, naona jibu lake ni moja. Kustaafu hakufuti kosa. Kinachobadilika ni mlango wa kuliendea kosa hilo, na mlango unaofungwa kwanza ni ule wa nidhamu.

Ni vizuri watu wetu wanaovuka mpaka kila siku, na wale waliofanya kazi ng'ambo ya mpaka kisha wakarejea nyumbani, waujue ukweli huu mapema. Wengi huujua wakati umekwisha kupita.

Adhabu zinataka mtu aliye kazini

Kesi ya nidhamu ni jambo la mwajiri na mwajiriwa. Katika nchi zote tatu, yaani Kenya, Uganda na Tanzania, hatua zake zinafanana kwa kuwa zimetoka kwenye shina moja la utawala wa Kiingereza. Mtumishi huandikiwa barua ya kujieleza. Asiporidhisha, hupewa hati ya mashtaka, kisha huitwa mbele ya kamati ajitetee. Wakati huo anaweza kusimamishwa kazi na kulipwa sehemu ya mshahara. Mwisho hutolewa uamuzi, naye anayo haki ya kukata rufaa.

Sasa tazama adhabu zenyewe: onyo, karipio, kuzuiwa nyongeza ya mshahara, kushushwa cheo, kufukuzwa kazi. Kila moja inamtaka mtu ambaye bado yuko kazini. Mtu aliyekwisha kuondoka huwezi kumshusha cheo, wala huwezi kumfukuza kazi asiyokuwa nayo.

Ndiyo maana tarehe ya kustaafu ina uzito mkubwa kuliko watu wanavyodhani. Nchini Kenya umri wa kustaafu kwa lazima ulikuwa miaka 55 hadi mwaka 2009, serikali ilipoupandisha kuwa 60. Uganda ni miaka 60. Hapa kwetu ni 60 kwa lazima na 55 kwa hiari. Mtumishi mwenye tuhuma akibakiwa na miezi michache, na kamati ikakaa kwa kusuasua, kalenda inaweza kumaliza kesi kabla kamati haijaimaliza.

Mfano mkubwa wa jambo hili ulitokea Nairobi mwaka 2016. Jaji Philip Tunoi wa Mahakama ya Juu ya Kenya alituhumiwa kupokea rushwa ya dola milioni 2 za Marekani kuhusiana na kesi ya uchaguzi wa ugavana. Aliikana tuhuma hiyo. Rais aliunda jopo la kumchunguza. Wakati huohuo palikuwa na kesi nyingine mahakamani juu ya umri wa majaji walioteuliwa kabla ya Katiba ya 2010: je, wastaafu na miaka 70 au 74? Mahakama ya Rufani iliamua kuwa ni 70, na mwezi Juni 2016 Mahakama ya Juu ikauacha uamuzi huo usimame. Siku hiyo Jaji Tunoi hakuwa jaji tena, na jopo halikuwa na mtu wa kumchunguza. Likafunga kazi.

Tuhuma zile hazikuthibitishwa wala hazikukanushwa na chombo kilichoundwa kuzipima. Mlalamikaji hakupata jibu, na mzee aliyelalamikiwa hakupata nafasi ya kusafishwa jina. Wote wawili walipoteza.

Kustaafu kama njia ya kutokea

Kenya imewahi pia kuutumia mlango huu kwa makusudi. Mwaka 2003, serikali mpya ya Rais Mwai Kibaki ilipoingia na ahadi ya kupambana na rushwa, kamati iliyoongozwa na Jaji Aaron Ringera ilichunguza mahakama na kutaja majaji 23 na mahakimu 82 iliodai wana kasoro za kimaadili. Majina ya majaji yakatoka magazetini. Wakapewa muda mfupi wa kuchagua: kustaafu na mafao yao, au kusimamishwa kazi na kukabili jopo la uchunguzi.

Wengi walichagua kustaafu. Ukiwa na familia, watoto wako shuleni na jina lako limekwisha kuanikwa gazetini, mafao ya mkononi yana ushawishi wake. Wapo wachache waliokataa. Mmoja wao ni Jaji Philip Waki wa Mahakama ya Rufani. Alikwenda mbele ya jopo, akasikilizwa, akaonekana hana hatia na kurejeshwa kazini. Mwaka 2008 jaji huyohuyo ndiye aliyekabidhiwa kuongoza tume iliyochunguza ghasia za baada ya uchaguzi, tume ambayo hadi leo inaitwa kwa jina lake.

Hapo pana jambo la kutafakari. Kama naye angechukua mafao akaenda zake, angeingia katika historia kama jaji aliyeondoka na doa. Tusisahau vilevile kwamba kama miongoni mwa waliostaafu walikuwamo waliokula rushwa kweli, nao waliondoka na mafao yaleyale. Kustaafu kulimtendea mwema na mwovu sawasawa, na wananchi waliokuwa na kesi mbele ya majaji hao hawakujua nani ni nani.

Pensheni: hisani au haki?

Ikiwa mlango wa kufukuzwa umefungwa, serikali hubaki na mlango mwingine wenye maumivu makubwa zaidi, nao ni pensheni.

Sheria za pensheni zilizoachwa na Waingereza zilijengwa juu ya wazo kwamba pensheni ni hisani ya serikali kwa mtumishi wake mwema. Sheria ya Pensheni ya Kenya, Sura ya 189, inasema wazi kuwa hakuna ofisa mwenye haki kamili ya kudai pensheni au kiinua mgongo, na kwamba ikithibitika ofisa alikuwa na uzembe, ukiukaji wa taratibu au utovu wa nidhamu, malipo hayo yanaweza kupunguzwa au kuzuiwa yote. Anayefukuzwa kazi huondoka mikono mitupu, hata kama ametumika miaka 29.

Soma hapo mara mbili. Maana yake ni kwamba kwa mtumishi wa utaratibu huo wa zamani, tofauti kati ya kustaafu na kufukuzwa mwezi mmoja kabla ya kustaafu ni maisha yake yote ya uzeeni. Hii ndiyo sababu kesi ndogo ya nidhamu, ambayo kwa kijana wa miaka 30 ni usumbufu tu, kwa mtu wa miaka 59 ni suala la nyumba, dawa na ada ya mjukuu.

Uganda imeligeuza wazo hilo katika Katiba yake ya mwaka 1995. Ibara ya 254 inasema ofisa wa umma akistaafu atapata pensheni inayolingana na cheo, mshahara na muda wa utumishi wake. Pensheni hiyo haitozwi kodi, na malipo yanatakiwa yawe ya haraka, ya mara kwa mara na yenye kufikika kwa urahisi. Kwa maandishi, hiyo ni haki. Kwa vitendo, wastaafu wengi wa Uganda wamelalamika kwa miaka mingi kuhusu malipo kuchelewa. Haki iliyoandikwa bado inataka mtu wa kuidai.

Mabadiliko mengine yamekuja kupitia mifuko ya kuchangia. Hapa kwetu watumishi wa serikali waliingizwa kwenye utaratibu wa kuchangia mwaka 1999, na mwaka 2018 mifuko ya watumishi wa umma ikaunganishwa kuwa PSSSF, ambapo mtumishi hukatwa asilimia 5 ya mshahara na mwajiri huchangia asilimia 15. Kenya ilianza mfuko wake wa watumishi wa umma Januari 1, 2021. Mtumishi alianza kwa kukatwa asilimia 2 mwaka wa kwanza, 5 mwaka wa pili, na 7.5 kuanzia mwaka wa tatu, na serikali huweka asilimia 15. Waliokuwa chini ya miaka 45 waliingizwa moja kwa moja, na waliofikia umri huo au kuuzidi wakapewa hiari ya kubaki kwenye utaratibu wa zamani.

Kwa nini hili ni muhimu katika habari ya nidhamu? Kwa sababu fedha iliyokatwa kwenye mshahara wako ina jina lako, na ni vigumu kwa mkuu wa idara kusema ni hisani yake. Watanzania waliliona jambo hili wazi katika sakata la vyeti vya kughushi. Aprili 2017 Rais John Magufuli alikabidhiwa ripoti yenye majina ya watumishi 9,932 waliobainika kuwa na vyeti vya kughushi, na wakaondolewa kazini. Waliondoka bila chochote. Baada ya miaka mitano, mwishoni mwa mwaka 2022, serikali ya Rais Samia Suluhu Hassan iliamua warudishiwe michango waliyokatwa kwenye mishahara yao. Kosa lilibaki kuwa kosa, na kazi hawakurudishiwa, lakini jasho lililokatwa lilitambuliwa kuwa ni lao.

Faili lisilofungwa

Kule mpakani nilizungumza na mzee mmoja ambaye yuko katikati ya mambo haya yote. Ni Mkurya, na kama Wakurya wengi ana ndugu pande zote mbili. Alikuwa karani wa stoo katika idara moja ya serikali upande wa Kenya, na baada ya kustaafu alihamia kwa ndugu zake upande wa Tarime, ambako analima mahindi na kufuga. Ameniomba nisitaje jina lake wala la idara yake, na sitafanya hivyo.

Anasema alibakiwa na wiki saba tu kazini alipopewa barua ya kujieleza kuhusu vifaa ambavyo wakaguzi hawakuviona stoo. Alijibu kwa maandishi na kuambatanisha vocha za kutolea vifaa hivyo. Hakuitwa mbele ya kamati yoyote. Siku yake ya mwisho ilifika, akaagwa kwa soda na keki, akaenda nyumbani. Alipoanza kufuatilia kiinua mgongo aliambiwa faili lake lina "swali."

"Mwanangu, mimi sikuhukumiwa na wala sikuachiwa," aliniambia. "Nikienda kule wananiambia mzee subiri, mkubwa aliyeuliza swali naye ameshastaafu. Sasa swali ni la nani?"

Aliniuliza hivyo huku akicheka, lakini mkewe aliyekuwa akipepeta mahindi pembeni hakucheka. Kila nauli ya kwenda kufuatilia, alisema mama huyo, ni debe moja la mahindi lililouzwa kabla ya bei kupanda.

Upande wa pili wa barabara nilikutana na mama anayeuza nguo za mitumba kwa muda mrefu. Yeye malalamiko yake ni kinyume. Miaka kadhaa iliyopita, katika kituo kimoja cha mpaka, alitozwa fedha kwa ajili ya marobota matatu na hakupewa stakabadhi. Alipodai stakabadhi, mzigo ukazuiwa siku nne. Alilipa tena ili autoe. Aliogopa kulalamika kwa kuwa angepita hapohapo wiki inayofuata. Alipopata ujasiri, ofisa yule alikuwa amestaafu.

"Waliniambia, mama, huyo hayuko tena, sisi tutamfanya nini? Kama vile aliondoka na kosa lake kwenye begi."

Nimewasikiliza wote wawili, na sidhani kama wanapingana. Mzee anaumia kwa sababu kesi yake haikuamuliwa kwa wakati, na mama anaumia kwa sababu yake haikufunguliwa kwa wakati. Anayefaidika na uzembe huu ni mtu wa tatu, yule mwenye hatia ya kweli, ambaye anajua kwamba akivumilia hadi siku ya keki na soda, wengi watachoka kumfuata.

Milango inayobaki wazi

Jibu aliloambiwa mama wa mitumba, kwamba ofisa akishastaafu hakuna la kufanya, si kweli. Ni kweli kwa nidhamu peke yake. Ipo milango mingine miwili.

Mlango wa kwanza ni wa kurudisha fedha. Katiba ya Kenya ya mwaka 2010, Ibara ya 226(5), inasema mwenye ofisi ya umma aliyeelekeza au kuidhinisha matumizi ya fedha za umma kinyume cha sheria atawajibika kufidia hasara iliyotokea, awe bado anashikilia ofisi hiyo au la. Maneno hayo ya mwisho yanawahusu wastaafu moja kwa moja. Hayamfukuzi mtu kazi. Yanamwambia alipe.

Mlango wa pili ni wa jinai. Kwa makosa makubwa, rushwa ikiwamo, umri wa mtuhumiwa na barua yake ya kustaafu si kinga. Machi 2006, Kenya iliwafikisha mahakamani aliyekuwa Gavana wa Benki Kuu, Eric Kotut, aliyekuwa Katibu wa Hazina, Wilfred Koinange, na mkuu wa zamani wa usalama, James Kanyotu, pamoja na mfanyabiashara Kamlesh Pattni, kuhusu kashfa ya Goldenberg iliyotokea mwanzoni mwa miaka ya 1990. Walikana mashtaka, na kesi hiyo haikufika kwenye hukumu ya kuwatia hatiani. Hata hivyo ilionyesha kuwa zaidi ya miaka 10 baada ya tukio, na baada ya kuondoka ofisini, mtu anaweza kuitwa kizimbani.

Hapa kwetu, mwishoni mwa mwaka 2008 walishitakiwa waliokuwa mawaziri Basil Mramba na Daniel Yona, pamoja na Gray Mgonja aliyekuwa Katibu Mkuu wa Hazina, kuhusu msamaha wa kodi kwa kampuni ya ukaguzi wa dhahabu. Julai 2015 mawaziri hao wa zamani walihukumiwa kifungo cha miaka mitatu, ambacho kilipunguzwa baadaye katika rufaa. Mgonja aliachiwa huru. Tazama tofauti na kesi za nidhamu nilizozitaja juu: hapa kila mmoja alipata jibu lake, mwenye hatia na asiye na hatia.

Ubaya wa mlango wa jinai ni kwamba ni mzito. Unataka ushahidi usioacha shaka, polisi, mwendesha mashtaka na miaka ya kusubiri. Kwa marobota matatu ya mitumba, ni watu wachache watakaousukuma.

Wahindi walivyoweka ukomo

Nchi nyingine iliyorithi utumishi wa Kiingereza ni India, na imeweka utaratibu ambao ningependa majirani zetu na sisi wenyewe tuutazame. Kanuni za pensheni za watumishi wa serikali kuu ya India za mwaka 1972, ambazo zimefuatiwa na kanuni mpya za mwaka 2021, zinasema kesi ya nidhamu iliyoanza kabla ya kustaafu inaendelea hadi mwisho kana kwamba mtumishi bado yuko kazini. Kama haikuanza kabla, haiwezi kufunguliwa bila idhini inayotolewa kwa jina la Rais, na haiwezi kuhusu jambo lililotokea zaidi ya miaka minne nyuma.

Wakati kesi inaendelea, mstaafu hulipwa pensheni ya muda ili asife njaa, ila kiinua mgongo hushikiliwa mpaka uamuzi utoke. Akionekana na kosa kubwa, pensheni yake inaweza kukatwa yote au sehemu, kwa muda au moja kwa moja. Aidha, katika hukumu maarufu ya Desemba 1982, Mahakama ya Juu ya India ilitamka kwamba pensheni si sadaka ya mwajiri. Mtu ameitumikia.

Sisemi India hakuna ucheleweshaji. Upo, na ni mwingi. Lakini utaratibu huo unajibu maswali yote mawili ya mpakani. Mama wa mitumba angejua kwamba akilalamika mapema, kustaafu kwa ofisa hakutaua kesi. Mzee karani wa stoo angejua kwamba mwisho wa swali lake upo, na kwamba wakati akilisubiri ana kitu cha kununulia unga.

Waliorejea wanalijua hili

Wasomaji wetu waliofanya kazi nje na kurejea hawahitaji kufundishwa thamani ya karatasi. Jumuiya ya Afrika Mashariki ilipovunjika mwaka 1977, watumishi wa reli, bandari, posta na ndege walirudi makwao huku mafaili yao yakibaki katika ofisi za nchi nyingine. Mpaka wetu na Kenya ulifungwa mwaka huohuo na haukufunguliwa hadi Novemba 1983. Makubaliano ya kugawana mali na madeni yalitiwa saini Mei 1984, na kila nchi ikachukua jukumu la kuwalipa raia wake. Hata hivyo, wazee zaidi ya 31,000 wa hapa kwetu walilazimika kwenda Mahakama Kuu mwaka 2003, na hati ya makubaliano ya malipo ya shilingi bilioni 117 ilifikiwa Septemba 2005. Ni miaka 28 tangu walipopoteza kazi. Wengi walikuwa wamekwisha kufa.

Wazee wale hawakuwa na kosa lolote la nidhamu, na bado walisubiri hivyo. Fikiria basi mtu ambaye faili lake lina swali lisilojibiwa, liko ng'ambo ya mpaka, na aliyeliuliza hayupo.

La kufanya mapema

Kwa aliye karibu kustaafu, popote alipo, ushauri wangu ni huu. Mwaka mmoja kabla ya siku yako, omba kwa maandishi kujua kama kuna hoja ya ukaguzi au tuhuma yoyote dhidi yako. Ikiwapo, dai isikilizwe na iamuliwe kabla hujaondoka, hata kama moyo unakuambia unyamaze. Kenya, kwa mfano, Ibara ya 47 ya Katiba inampa kila mtu haki ya kupata uamuzi wa kiutawala wa haraka, wa haki na unaofuata taratibu, na sababu za maandishi pale uamuzi unapomuumiza. Chukua nakala ya kila ulichokabidhi: funguo, vocha, daftari la stoo. Ondoka na barua ya kutodaiwa mkononi. Ukihamia nchi nyingine, acha anwani yako na usikose uhakiki wa wastaafu, kwani mstaafu asiyeonekana husimamishiwa malipo hata kama hana kosa.

Kwa mfanyabiashara, usilipe bila stakabadhi. Ukilazimishwa, andika siku hiyohiyo tarehe, saa, kiasi, aina ya mzigo na jina lililo kwenye kitambulisho cha ofisa. Peleka malalamiko kwa mkuu wa kituo na nakala kwa chombo cha nje: Kenya ni Tume ya Maadili na Kupambana na Rushwa, Uganda ni ofisi ya Inspekta Mkuu wa Serikali, Tanzania ni TAKUKURU. Dai mhuri wa kupokelewa kwenye nakala yako. Mhuri huo ndio utakaoonyesha kwamba ulilalamika mtu akiwa bado kazini, na ofisi iliyokaa juu ya barua yako hadi akastaafu itakuwa na jambo la kujieleza.

Na kwa wakubwa wanaoshika mafaili hayo katika nchi zetu tatu, neno ni fupi zaidi. Kuchelewesha kesi ya nidhamu mpaka mtu astaafu si huruma kwa mtumishi. Asiye na hatia anabaki na doa ambalo hataweza kulifuta, aliyedhulumiwa anarudi nyumbani bila kitu, na mwizi anachukua kiinua mgongo. Waamueni watu wakiwa bado wanafika ofisini.